Mhusika Aliyewika Akianza Kufifia: Namna ya Kumtoa Bila Kuacha Pengo na Kumrudisha Bila Kuchekwa

Mwanzoni kabisa mwa All My Children, tamthilia ya Marekani iliyoanza kurushwa Januari 1970, kijana mmoja aitwaye Bobby Martin alipanda ghorofani kwenda kupaka nta mbao zake za kutelezea kwenye theluji. Hakushuka tena. Hakufa, hakusafiri, hakufukuzwa nyumbani. Familia yake iliendelea na maisha kana kwamba haijawahi kuwa na mtoto wa jina hilo. Miaka mingi baadaye waandishi waliamua kujicheka wenyewe: mhusika mwingine alifungiwa kwenye dari ya nyumba akakuta mifupa ya mtu yenye kofia iliyoandikwa "Bobby".

Utani huo ulipokelewa kwa sababu kila mtazamaji wa tamthilia ndefu ana Bobby wake anayemkumbuka. Watu huzoea haraka kutomwona mhusika. Kinachowaudhi ni mama mzazi kutomtaja mwanawe, na rafiki wa damu kufunga ndoa bila kuuliza mwenzake yuko wapi. Kwa hiyo kazi kubwa ya mwandishi inaanza baada ya mhusika kutoka, na ndiyo inayopuuzwa kuliko zote.

Mwongozo huu unahusu tamthilia zinazorushwa mwaka hadi mwaka bila tarehe ya kufungwa. Zile za Amerika ya Kusini zinazofungwa baada ya miezi kadhaa zina shida zake, ila hii si mojawapo. Mwandishi wake anajua tangu mwanzo nani atabaki amesimama siku ya mwisho.

Pima kwanza kama kweli anafifia

Usitegemee hisia za chumba cha waandishi. Chukua miswada ya wiki 8 zilizopita na kwa kila wiki uhesabu mambo manne: maonyesho aliyomo mhusika, maonyesho ambayo yeye ndiye anayetaka kitu, maonyesho ambayo yupo ili asikilize habari za wengine, na mara ambazo anatajwa asipokuwepo.

Hesabu ya kwanza peke yake inadanganya. Mhusika anaweza kuwa na maonyesho 10 kwa wiki, na katika 8 kati ya hayo anafuta meza huku akiuliza, "Kisha ikawaje?" Huyo ameshafifia, hata kama jina lake linasomeka la kwanza kwenye orodha. Mara nyingi huwa ni mwenye baa, mwenye mgahawa au daktari wa zamu, yaani mtu ambaye kazi yake inampa sababu ya kuonekana bila kumpa sababu ya kuishi. Ikipita wiki ya nne mfululizo bila yeye kutaka lolote, amua: mpe kisa, au anza kumwandalia njia.

Hesabu ya nne nayo ina lake. Mhusika anayetajwa mara nyingi kuliko anavyoonekana bado ana nguvu, na huyo usikimbilie kumtoa.

Sababu za kufifia ni chache na zinajirudia. Mkataba wa mwigizaji unakwisha au haurefushwi. Mwandishi mkuu mpya anakuja na wahusika wake wapya, nao wanahitaji muda hewani, na muda huo lazima utoke kwa mtu. Wapenzi waliosubiriwa miaka miwili wanaoana, na hakuna aliyepanga cha kuwapa siku ya pili yake. Wakati mwingine ni umbo la kipindi lenyewe linalobadilika. The Young and the Restless, iliyoanza Machi 1973, ilijengwa juu ya familia mbili, Brooks na Foster. Mwaka 1980 iliongezwa kutoka nusu saa hadi saa nzima, na miaka michache iliyofuata familia hizo karibu zote zikaondoka, akina Abbott na Williams wakashika nafasi. Mtazamaji aliyekosa misimu miwili angedhani amefungua kipindi kingine.

Lakini muundaji wake, William J. Bell, hakukata kamba zote. Jill Foster alibaki, akaolewa na Abbott, na kwa njia hiyo ukoo wa zamani ukawa na mtu ndani ya ukoo mpya. Ukilazimika kufagia familia nzima, acha mmoja, na mfunge kwa wapya kwa ndoa, deni au mtoto. Urafiki hautoshi, maana unasahaulika ndani ya mwezi.

Daftari la madeni

Kabla ya kuandika hata onyesho moja la kuaga, andika kila kitu ambacho mhusika anawadai wenzake au anadaiwa nao. Pesa ni sehemu ndogo tu. Siri anazozijua, siri zake zinazojulikana na wengine, watoto, wazazi walio hai, nyumba imeandikwa kwa jina la nani, hisa za kampuni, kesi iliyo mahakamani, ahadi aliyotoa mbele ya watazamaji, ufunguo alioachiwa. Pitia muhtasari wa angalau miaka miwili nyuma. Kazi hii mpe msimamizi wa mwendelezo, yaani anayehakikisha ya leo hayapingani na ya jana, pamoja na mwandishi mmoja wa zamani. Ikifanywa na mwandishi mpya peke yake, daftari litakuwa na yale tu aliyoyakuta.

Madeni hayo yagawe mafungu matatu: ya kulipwa kabla hajatoka, ya kurithishwa kwa mhusika mwingine, na ya kuachwa wazi kwa makusudi. Fungu la tatu lisizidi mawili. Yakizidi hapo, watazamaji wataanza kudai majibu ambayo huna, na kila barua itaanza na jina lake.

Siri ndiyo inayosahaulika zaidi. Mhusika aliyeshuhudia mauaji akiondoka bila kumwambia mtu, kisa cha mauaji kimeondoka naye. Siri hiyo ihamishe mapema, katika onyesho ambalo halifanani hata kidogo na kuaga, wiki tatu au nne kabla.

Watoto wanastahili aya yao. Mtoto wa mhusika anayeondoka ama aende naye, ama akabidhiwe kwa mtu aliyepo kwa maneno yanayosikika hewani. Asipokabidhiwa, anageuka mtoto wa ghorofani. Katika Coronation Street ya Uingereza, Tracy Barlow, aliyezaliwa ndani ya tamthilia mwaka 1977, alijulikana kwa kuwa chumbani juu akisikiliza kanda zake za muziki, hadi jambo hilo likawa kichekesho cha taifa. Tamthilia za Marekani zina dawa nyingine: mtoto anapelekwa shule ya bweni na kurudi akiwa kijana. Sami Brady wa Days of Our Lives alizaliwa hewani mwaka 1984, na kufikia 1993 alikuwa msichana wa sekondari mwenye visa vizito. Dawa hiyo inafanya kazi, ila kila ukiitumia unawazeesha wazazi na mababu wote bila wao kuonekana wamezeeka. Itumie kwa mtoto mmoja wa ukoo. Ukiwakuza ndugu wawili kwa kasi tofauti, hesabu ya nani mkubwa itakuvuruga kwa muongo mzima.

Chagua mlango

Safari ni mlango rahisi na mara nyingi ndio bora. Neighbours ya Australia iliwapeleka wahusika wengi Brisbane, hata mji huo ukawa kama chumba cha nyuma cha tamthilia. Uzuri wake ni kwamba simu inapigika, barua inafika, na mtu anaweza kurudi kwa harusi ya siku mbili. Sharti lake ni moja: mpe jambo la kufanya huko, lenye jina. "Ameenda kuanza maisha mapya" haimsaidii mwandishi wa mwaka kesho. "Ameenda kusimamia tawi la pili la kampuni ya shemeji yake" inamsaidia, kwa kuwa tawi linaweza kufilisika.

Kifo kinauzika sana na kinagharimu sana. Ukiua, amua siku hiyohiyo kama ni kifo cha kweli, na uamuzi uandikwe. Kama ni cha kweli, onyesha maiti, mazishi, na mtu mmoja aliyemjua akiitambua sura yake. Kama unaacha mlango, usionyeshe mwili. Harold Bishop wa Neighbours alisombwa na bahari mwaka 1991, ikapatikana miwani yake tu. Miaka mitano baadaye alirudi akiwa amepoteza kumbukumbu, na watazamaji wakakubali, kwani miwani si maiti. Epuka kifo cha kuchekesha pale usipokusudia kichekesho. Mwaka 1986 Mary wa Santa Barbara, tamthilia ya Marekani, aliangukiwa na herufi kubwa ya C kutoka kwenye bango la hoteli ya akina Capwell. Alikuwa mhusika aliyependwa, na hadi leo anakumbukwa zaidi kwa ile herufi kuliko kwa mapenzi yake na Mason.

Ajali kubwa inayoua wengi kwa mpigo inafaa pale tu tamthilia nzima inapohitaji kuanza upya. Emmerdale ya Uingereza iliangushiwa ndege kijijini tarehe 30 Desemba 1993, wakafa wakazi wanne. Haikuishia kwenye vifo hivyo, maana walionusurika walipata visa vya kuwatosha muda mrefu: nani alikuwa wapi, nani alimwokoa nani. Ukiangusha ndege ili tu kumtoa mtu mmoja, utakuwa umetumia silaha ambayo hutaipata tena kwa miaka 10.

Kulazwa bila fahamu ni mlango wa kuazima muda. Laura wa tamthilia ya Marekani General Hospital, ambaye harusi yake na Luke mnamo Novemba 1981 ilitazamwa na watu wapatao milioni 30, alipotolewa mwaka 2002 aliachwa katika hali ya kuduwaa hospitalini. Mwaka 2006 akazinduka kwa muda mfupi, ikiwa imetimia miaka 25 ya ile harusi. Ubaya wa njia hii ni kwamba mgonjwa bado yupo. Mume hawezi kuoa kwa dhamiri safi, watoto wasipomtembelea wanaonekana hawana utu, na kitanda kitupu cha hospitali lazima kitajwe. Ukiitumia, panga ziara ya kitandani angalau mara moja kwa mwezi, hata kama kinachoonekana ni mlango tu ukifungwa.

Kubadilisha mwigizaji ni kumwokoa mhusika kwa kumbadilisha sura. Dynasty ilipompoteza Al Corley aliyekuwa Steven Carrington, ilimpitisha Steven kwenye mlipuko wa mtambo wa mafuta baharini na upasuaji wa uso, akatoka akiwa Jack Coleman. Maelezo kama hayo ni ya hiari. Tamthilia za mchana kwa kawaida hutangaza tu mwanzoni mwa kipindi kwamba nafasi hiyo sasa inaigizwa na fulani, na baada ya wiki tatu hivi watu wamezoea. Kinachoharibu ni kumpa mwigizaji mpya onyesho la kwanza lenye kilio kikubwa. Mwanzishe na mtu mmoja anayempenda, chumbani, kwenye mazungumzo mepesi, na yule wa pili amwite kwa jina si chini ya mara tatu.

Mlango wa mwisho hauonekani kuwa mlango: kumpunguza hadi awe mtu wa hafla. Kwa mzee wa ukoo unafaa kuliko yote. Helen Wagner alimwigiza Nancy Hughes wa As the World Turns tangu siku ya kwanza, tarehe 2 Aprili 1956, hadi mwaka 2010 alipofariki, miezi michache kabla ya tamthilia kufungwa. Katika miaka yake ya mwisho alionekana kwa nadra, lakini hakuna aliyesema Nancy amepotea. Alikuwa bado na nyumba, wajukuu, na haki ya kumkemea mtu mbele ya wenzake.

Ratiba ya kutoka

Katika tamthilia za mchana za Marekani, mikataba imezoeleka kugawanywa vipindi vya wiki 13, na mtayarishaji anaweza kukatiza mwishoni mwa kipindi. Hata kama mikataba yako haifanani na hiyo, wiki 13 ni kipimo kizuri. Wiki 5 za kwanza kulipa madeni ya fungu la kwanza. Wiki 4 za kuhamisha siri, kazi na watoto. Wiki 3 za kuondoka kwenyewe. Ya mwisho iwe ya wale wanaobaki, yeye akiwa hayupo.

Kumbuka pia kwamba kinachorekodiwa leo kitarushwa wiki kadhaa zijazo. Mwigizaji akiwa na hasira na uongozi, rekodi kwanza onyesho la kuondoka, hata kama linakuja mwisho katika hadithi. Mgogoro ukilipuka katikati huna cha kushonea. Mwaka 2014, huko Afrika Kusini, waigizaji 16 wa Generations waliachishwa kazi kwa mpigo kutokana na mzozo wa malipo na masharti, na tamthilia ikasimama hadi Desemba iliporudi kwa jina la Generations: The Legacy. Kuachana na wahusika wengi kiasi hicho kwa siku moja hakuna muswada unaoweza kukuficha. Unaanza upya na kusema wazi kwamba umeanza upya.

Baada ya mlango kufungwa

Wiki mbili za kwanza, mhusika atajwe mara tatu. Kisha mara moja kila wiki mbili hadi mwezi wa tatu uishe. Baada ya hapo mtaje kwenye matukio ambayo kutokuwepo kwake kunahitaji sababu: harusi ya ndugu, ugonjwa wa mzazi, mgawanyo wa mirathi, mazishi. Andika tarehe hizo kwenye kalenda ya hadithi siku ileile anapoondoka, kwa sababu baada ya mwaka mwandishi aliyekuwepo anaweza kuwa ameshaondoka naye.

Anayemtaja awe mtu wa karibu. Mbea wa mtaani akimtaja, ni taarifa. Mdogo wake akimtaja, ni hadithi. Tazama namna hizi mbili za kutaja mtu aliyesafiri. Ya kwanza:

"Kaka yako anaendeleaje?"
"Mzima. Amezoea huko."

Na ya pili:

"Si shati la kaka yako hilo?"
"Aliniambia nimtumie."
"Mbona unalo?"
"Sijamtumia."

Zote zinachukua sekunde chache. Ya kwanza imetimiza wajibu. Ya pili imesema kwamba mdogo mtu amemkumbuka au amemkasirikia, na mwandishi wa wiki ijayo anaweza kuchagua. Kutajwa kuzuri daima kunabeba kitu: nguo, deni, simu isiyopokelewa, kiti ambacho mtu mpya anakikalia na mwingine kukunja uso.

Epuka kumfanya aliyeondoka kuwa malaika. Mhusika aliyekuwa mchoyo kwa miaka minane akianza kusifiwa kwa ukarimu mwezi mmoja baada ya kusafiri, watazamaji wanagundua, tena wanagundua haraka kuliko tunavyotaka kuamini. Na usimbebeshe lawama za kila kosa ambalo hadithi ya sasa imeshindwa kulieleza. Ni kishawishi kikubwa, kwani hayupo kujitetea, lakini siku akirudi lazima ayajibu yote.

Kumrudisha

Usifikirie onyesho la kurudi kabla hujaandika kisa cha pili, yaani kitakachomweka wiki 6 baada ya mshangao kuisha. Den Watts wa EastEnders ya Uingereza alipigwa risasi kando ya mfereji Februari 1989 na kuhesabiwa amekufa. Aliporudi Septemba 2003 na kumsalimia bintiye, nchi nzima ilizungumza. Kufikia Februari 2005 aliuawa tena, safari hii na mkewe Chrissie. Mlango wa kuingilia ulikuwa mzuri. Chumba cha ndani ndicho kilichokuwa kigumu kujazwa.

Toa daftari la madeni, ongeza yale yaliyozuka akiwa hayupo. Hesabu miaka ya watoto wake upya. Kisha jibu swali moja kwa sentensi moja: kwa nini leo? Halafu la pili, lililo gumu zaidi: kwa nini si mapema? Kathy wa EastEnders aliondoka 1998 kwenda Afrika Kusini, mwaka 2006 ikaletwa habari kwamba amekufa ajalini, na Februari 2015 akatokea hai. Mama aliyeacha wanawe wamlilie kwa miaka tisa hawezi kuingia na kukumbatiwa. Deni hilo ni zuri ukilitumia, kwa maana linampa kila mtoto sababu yake ya kukasirika. Ukiliruka, litakufuata kila anapompikia mtu chakula.

Njia ya ndoto usiiguse. Dallas ilimuua Bobby Ewing Mei 1985, mwaka mmoja baadaye akaonekana bafuni akioga, na msimu mzima wa katikati ukatangazwa kuwa ndoto ya Pam, aliyekuwa mkewe. Msimu huo ulikuwa na ndoa, vifo na waigizaji ambao kazi yao ilifutwa kwa asubuhi moja. Isitoshe, Knots Landing, tamthilia iliyozaliwa na Dallas, ilikuwa tayari imemwomboleza Bobby na haikurudi nyuma kurekebisha, hivyo mtu mmoja akawa hai upande mmoja na marehemu upande wa pili. Kama tamthilia yako ina dada yake hewani, hakuna kifo wala ufufuo unaopitishwa bila waandishi wa pande zote mbili kuketi pamoja.

Mara nyingine mwigizaji yuko tayari kutoa siku moja tu ya kurekodi, na siku hiyo inatosha kwa mengi ukiipangilia. Mrekodi akiwa mahali pamoja pasipo na alama ya mji wala msimu, mavazi mawili tofauti. Chukua simu tatu: moja ya pongezi, moja ya msiba, moja ambayo anasikiliza tu na kukata bila kusema neno. Maneno yawe ya jumla kiasi cha kuingia popote, yasitaje jina la bibi harusi wala la marehemu. Ongeza sauti peke yake akisoma barua mbili fupi. Kanda hizo ziandikwe tarehe, jina la mhusika na mavazi, zitunzwe na msimamizi wa mwendelezo, na ukishatumia mojawapo iandike kwenye daftari, kwa sababu shati lilelile likionekana kwenye simu mbili zilizopishana miaka mitatu, barua zitaanza kuingia asubuhi ya kesho yake.